Mchoro wa Armitage uanze kwenye matundu

Ukisimama mbele ya mchoro wa Michael Armitage, acha kwanza sura za watu, tafuta matundu. Mchoraji huyu aliyezaliwa Nairobi mwaka 1984 hutumia rangi ya mafuta, lakini kanvasi yake si pamba wala kitani. Ni lubugo, kitambaa cha gome kutoka Buganda nchini Uganda, chenye mashimo na mishono inayoonekana waziwazi kama kovu. Wengi wanaomjadili hukimbilia neno "utambulisho" kabla hata hawajakitazama kitambaa.

Lubugo hutoka kwenye mutuba, mti wa jamii ya mkuyu. Fundi huubandua gome msimu wa mvua, kisha huufunika kwa majani ya mgomba ili gome jipya liote. Mti mmoja huvunwa hivyo kwa miaka mingi. Gome hupondwa kwa nyundo za mbao zenye mifereji, mipana kwanza, myembamba mwishoni. Kazi hufanyika bandani, maana likikauka haraka hukakamaa. Likianikwa juani hugeuka rangi ya udongo mwekundu. Kasoro ya gome, au nyundo iliyozidi, huacha tundu.

Waganda wamelitumia kutawaza wafalme na kuzikia maiti. Armitage alikutana nalo Nairobi, sokoni, likiuzwa kwa watalii. Sanda imekuwa zawadi ya kupeleka Ulaya: hapo hadithi ya mabadiliko ya jamii imeshaanza, brashi haijagusa kitu.

Ukitaka kulijaribu, jua kwamba halikufumwa. Nyuzi zimeshikana kwa kupondwa tu, kwa hiyo likianza kuchanika, mchaniko hukimbia. Livute kwenye fremu kwa mkono, taratibu, na pindo ulikunje mara mbili kabla ya kupiga pini. Viraka vishone mapema. Ukingoja praima, yaani rangi ya msingi inayokinga kitambaa, ikauke, sindano itaipasua. Na praima usiiruke: mafuta ya kitani yakiingia moja kwa moja kwenye nyuzi huzifanya zikauke na kukatika baada ya miaka. Tabaka mbili nyepesi hutosha. Ukipaka nzito utaziba mikunjo yote, na hapo heri ungenunua kanvasi ya dukani.

Armitage mwenyewe hupaka, hukwangua, hupaka tena, na mishono humlazimisha kuhamisha umbo. Mada zake ni za kwetu kabisa. Kampala Suburb (2014) inaonyesha wanaume wawili wakikumbatiana, juu ya kitambaa cha Uganda kwenyewe, mwaka ule rais wa nchi hiyo alipotia saini sheria dhidi ya mapenzi ya jinsia moja. Baikoko at the Mouth of the Mwachema River (2016) inaichukua ngoma ya Tanga na kuipeleka Diani. Curfew (Likoni March 27 2020) inarudi kwenye siku ya kwanza ya kafyu ya korona, polisi walipowapiga abiria waliokuwa wakisubiri feri. Hiyo ya mwisho ndiyo ningempeleka mtu wa Mombasa kuitazama kwanza.

Ila picha ya simu itakudanganya. Inalainisha kila kitu, na mshono huonekana kama mstari wa rangi. Ukiufikia mchoro wenyewe, sogea pembeni hadi taa iupige kwa ubavu. Matundu yatajitokeza, na utaona ni wapi mkono wa mchoraji ulikwepa na wapi ulikubali.