Bei ya Gauni la Satini

Novemba 2019 mama mmoja alifika kwenye kibanda tulichokuwa tukishonea, Kawangware jijini Nairobi, karibu na steji ya 46, akiwa na mfuko wa satini rangi ya maruni. Alitaka magauni sita ya wasimamizi wa bibi harusi, marefu mpaka chini, kwa harusi ya Desemba. Kitambaa alikuwa amenunua Eastleigh, na alinunua vizuri: mita tatu kwa kila gauni, upana wa inchi 60, na bitana yake. Mwaka uliotangulia mwenzetu mmoja alikuwa amemshonea suti ya kitenge ikamkaa sawasawa, kwa hiyo akampita mwenye kibanda, akaweka mfuko mbele ya huyo mwenzetu. "Dada, utanifanyia ngapi?"

Sote tulijua jibu lingekuwa lipi. Kwa zipu ya kuficha na kwa vitambaa vinavyoteleza, dada huyo alitushinda wote. Lakini akiulizwa bei aliangalia chini na kusema, "Wewe nipatie tu kile uko nacho." Akibanwa alitaja mia nane, na kabla mteja hajafungua mdomo aliongeza, "lakini tutaelewana." Mtaani semina za kuwaambia wanawake wajithamini hazikukosekana. Alizihudhuria, akapiga makofi, na Jumatatu akarudi kwenye "kile uko nacho". Mtu hawezi kushikilia bei ambayo hajui ilikotoka.

Mwenye kibanda, tuliyemwita Mama hata sisi tuliomkaribia umri, hakuinua kichwa kutoka kwenye cherehani. Akasema tu, "Mpe mgeni kiti na chai. Wewe, lete daftari."

Hesabu ilipigwa nyuma ya pazia la kujaribia nguo, kwa sauti ya chini. Mama alianza na vitu ambavyo fundi hutoa mfukoni hata kama kitambaa ni cha mteja. Zipu ya kuficha, Sh50. Uzi reli mbili, Sh80. Gamu ya kifuani, yaani kitambaa cha kubandika ndani ili kifua kisimame, nusu mita, Sh60. Sindano, chaki na mafuta ya cherehani, Sh15. Umeme Sh35, na hapo mla tokeni mkubwa ni pasi kuliko cherehani. Kodi ya kibanda ikigawanywa kwa nguo za mwezi, Sh100. Jumla Sh340. Kwenye ile mia nane zilibaki Sh460, na hizo ndizo zilikuwa mshahara.

Mshahara wa saa ngapi? Mwenzetu akasema gauni moja ni "kama nusu siku". Mama akamwambia ataje hatua kwa hatua, na hapo ndipo mambo yakabadilika, kwa sababu satini si kitenge. Haikatwi ikiwa imekunjwa, maana tabaka la juu huteleza na kipande cha chini hutoka kimepinda. Hulazwa tabaka moja, na pini huchomwa pembeni tu, mahali patakapofichwa ndani ya mshono, kwa kuwa tundu la pini halifutiki. Kukata peke yake, saa moja na nusu. Sindano ni namba 11, tena mpya. Namba 14 tuliyozoea kwa kitenge huvuta nyuzi na kuacha mstari. Uzi ukikazwa kupita kiasi mshono hukunjamana, na pasi haitausaidia. Kuunganisha kifua na sketi, saa tatu na nusu. Bitana na zipu, saa moja na nusu. Sketi iliyokatwa mshazari huning'inizwa usiku kucha kabla ya kusawazisha pindo, kwa sababu kitambaa huendelea kushuka kwa uzito wake. Fundi mwenye haraka akipiga pindo siku hiyo hiyo, siku ya harusi upande mmoja utafagia sakafu na mwingine utaonyesha kifundo cha mguu. Pindo la mkono na pasi ya vuguvugu juu ya kitambaa cha pamba, saa moja; tone la maji likidondoka huacha doa. Ongeza nusu saa ya kupima na saa moja ya kujaribisha na kurekebisha.

Saa tisa. Sh460 kwa saa tisa ni Sh51 kwa saa.

Mama alikuwa amekunja ndani ya daftari kipande cha gazeti chenye kima cha chini cha mishahara cha 2018. Kibarua wa kawaida Nairobi, Sh13,572.90 kwa mwezi. Tukagawa kwa siku 26, kisha kwa saa nane: Sh65. Akamgeukia mwenzetu. "Hiyo ni ya mtu ambaye hajafundishwa kazi yoyote. Yako ni ngapi?"

Akajibu sabini.

"Na ukiugua leo, zipu hii nitampa nani?"

Alinyamaza kidogo, akatutazama mmoja mmoja. Hakuna aliyejitolea. Akasema mia. Mia mara tisa ni 900. Na 340 ni 1,240. Mama akaongeza Sh110 ya mashine, kwa sababu mkanda hukatika na mota ya cherehani huungua, na pesa hiyo lazima itoke kwenye nguo. Sh1,350. Kisha akampa maagizo mawili: itaje mara moja kwa sauti yako ya kawaida, na ukishaitaja usiongeze neno.

Mwenzetu akatoka. "Gauni moja ni elfu moja mia tatu hamsini."

"Ngai! Si ni kushona tu? Kitambaa si nimeleta mimi?"

Mwenzetu hakujibu. Alikuwa ameushika utepe wa kupimia kwa mikono miwili, ameuvuta ukakaza. Mteja akanywa chai. Akasema kuna fundi Dagoretti Corner wa mia saba. Bado kimya. Mwishowe akalegea: "Basi toa kidogo, dada. Ni sita."

"Naweza kutoa, lakini nitatoa na kazi."

Hilo Mama hakumfundisha. Alifungua daftari akaeleza: zipu ya kawaida badala ya ya kuficha, Sh30 inatoka, pindo la mashine, nusu saa inatoka, Sh50. Akasema wazi kuwa pindo hilo litaonekana kwa nje kama mstari wa uzi. Mteja akauliza kuhusu bitana. Bitana hakukubali kuitoa: satini ile ilikuwa nyepesi, na kwenye picha za juani miguu ingeonekana. Wakaafikiana gauni la msimamizi mkuu libaki Sh1,350, mengine matano yawe Sh1,270. Jumla Sh7,700.

Diposti ilikuwa Sh4,600, ikalipwa kwa M-Pesa pale pale, kabla mkasi haujagusa kitambaa. Fundi anayekata bila diposti akiachiwa kazi hubaki na magauni yenye vipimo vya watu wengine, na hata soko la Gikomba hayapati mnunuzi wa maana. Risiti aliiandika mwenyewe: salio, tarehe ya kujaribisha, na kwamba nguo haitoki kabla salio halijalipwa.

Alimwagiza pia mteja kwamba kila msichana aje kupimwa na viatu na sidiria atakayovaa siku ya harusi. Pindo hupimwa kutoka sakafuni, na kisigino cha inchi tatu hubadilisha kila kitu. Wiki iliyofuata mmoja alikuja na malapa, akasema ana haraka, fundi akadirie tu. Mwenzetu akamrudisha nyumbani akachukue viatu.