Waridi la jangwani nimeliotesha kwa mbegu

Watu wanaopita getini wananiuliza sana hizi dezati rozi zenye shina nene kama kiazi nimenunua wapi, na nikisema nimeotesha mwenyewe kwa mbegu hawaamini, maana wengi tumezoea kuzikuta kwa wauza maua barabarani zimeshachanua, unalipa unabeba. Hata mi nilianza hivo. Ya kwanza niliinunua imejaa maua, nikaiweka barazani, namwagilia kila asubuhi kama navyomwagilia vingine vyote, masika ikaingia, shina likalainika likawa linabonyea kama embe bovu, ikafa. Iliniuma sana.

Mbegu nilipata kwa bibi mmoja mtaani kwetu, ana mti wake umenipita kimo, anasema aliupanda kabla mwanae wa mwisho hajazaliwa na huyo mwanae sasa hivi ana watoto. Siku hiyo nimeenda kumsalimia nikaona kwenye tawi kuna maganda mawili yamekaa kama pembe za mbuzi, yamezungushiwa uzi. Shikamoo bibi, huu uzi wa nini? Akasema, "Marahaba mjukuu wangu, nisipofunga upepo unanibebea zote." Kumbe ganda likikauka linapasuka lenyewe, na kila mbegu ina manyoya laini ncha zote mbili, ukichelewa hata siku moja unakuta ganda tupu. Akanikatia moja. Nilipofika nyumbani nikahesabu, mbegu 58!

Nilichanganya mchanga wa mtoni na mkaa uliopondwa na samadi iliyooza vizuri ila kidogo tu, mchanga ndio uwe mwingi. Mchanga wa baharini usichukue, una chumvi. Mbegu nililoweka masaa machache, nikazilaza (usizisimamishe), nikafunika na udongo mwembamba sana alafu nikaweka sehemu yenye joto. Siku ya nne ya kwanza ikatoka, wiki ilipoisha zimeota 41.

Sasa hapa ndio panaponifurahisha mpaka leo. Ule mche unatoka ardhini tayari una kitumbo chake, mdogo kama punje ya haragwe, na majani mawili juu. Kipandikizi hakina hicho kitumbo, ukikata tawi ukachomeka litashika ndio na litatoa maua, lakini chini linabaki kama fimbo miaka na miaka. Kitumbo ndio ghala lake la maji, huu mmea kwao ni kwenye ukame, unaota porini huku kwetu Tanzania na Kenya na Somalia mpaka Uarabuni, hata jina lake la kitaalamu, Adenium, limetokana na Aden ya Yemen. Kwahiyo unapoumwagilia kila siku ni kama unamjazia maji mtu ambaye tayari ana kisima tumboni. Mi sasa hivi nachoma kidole kwenye udongo, nikikuta unyevu naacha.

Na bado masika ya kwanza nilipoteza miche 12, yote kwa kuoza, ndipo nikaihamishia iliyobaki chini ya bati. Ilipojaa kwenye viriba nikahamishia kwenye vyungu, na kila ukihamisha unaupandisha juu kidogo ili kitumbo kionekane, ila mizizi ikijeruhiwa uache siku chache pakavu kidonda kifunge kabla hujamwagilia. Vaa glavu au nawa mikono vizuri, tafadhali, hasa mwenye watoto. Utomvu wake ni sumu ya kweli, Wahadzabe kule Ziwa Eyasi wanautengenezea sumu ya mishale ya kuwindia.

Ua la kwanza nililiona baada ya miezi 14. Nilitegemea yote yatakuwa ya pinki kama ya bibi, wapi, mmoja ukatoa wekundu wa kukolea, mingine pinki hafifu, na mmoja mweupe kabisa una pinki kwenye kingo tu. Mbegu haifuati lazima rangi ya mama yake, ndo maana wauzaji wanaotaka rangi fulani au yale maua ya tabaka tabaka wanabebesha kikonyo, yaani kipande cha tawi la mmea wenye ua wanalotaka, juu ya mche wa mbegu. Kwangu mimi kutokujua ndio utamu wenyewe, unaona kitumba cha ua kinavimba unaamka nacho kila asubuhi.

Ule mweupe nilimpelekea bibi maana katika miaka yake yote hakuwahi kuwa nao, ameuweka mlangoni pake.

Mbegu nyingine alizonipa baadae niliziweka kwenye droo karibu mwaka nikitafuta nafasi, nikapanda 20 zikaota 3. Ukipata mbegu zipande wiki hiyohiyo, hata kwenye kopo la Blue Band lenye matundu chini zitaota.