Guangzhou Bila Mzigo

Muulize mfanyabiashara wa Kariakoo habari za Guangzhou, kule China, atakutajia masoko bila kuvuta pumzi: Zhanxi kwa nguo na saa, Guihuagang kwa mikoba, Xiaobei kwa vyote vilivyobaki, ugali ukiwemo. Atakwambia CBM moja, yaani mita moja ya ujazo, inasafirishwa kwa bei gani msimu huu na wakala yupi hacheleweshi mzigo. Muulize mji wenyewe ukoje, atasema ni mkubwa. Ni kweli, sensa ya mwaka 2020 ilihesabu watu zaidi ya milioni 18. Ila mtu anayezunguka kati ya hoteli, soko na ghala la kufungashia, mji atauonea wapi?

Mimi nafasi niliipata Oktoba. Maonesho ya biashara ya Canton, jina la zamani la Guangzhou, ambayo tangu 1957 hufanyika wakati wa masika yetu na tena wakati wa vuli, yalikuwa yamefunguliwa, hoteli zimepandisha bei, na kiwanda kilichokuwa kinanishonea magauni ya watoto kikaomba kuongezewa siku. Nikalipia matembezi ya siku moja pamoja na kaka mmoja wa Mwanza ninayekutana naye sana kwa wakala, yeye huleta vipuri vya pikipiki. Wengine walikuwa mtu na mkewe kutoka Malaysia. Mwongozaji alikuwa dada mzaliwa wa Liwan, upande wa mji mkongwe, anayeongea Kiingereza cha haraka na kutembea haraka zaidi.

Alituanzishia mezani. Alituambia Wachina wana msemo kwamba uzaliwe Suzhou, uvae Hangzhou, ule Guangzhou, ukafie Liuzhou, ambako mbao za majeneza ni nzuri. Basi saa mbili asubuhi tukawa kwenye ukumbi wa dim sum, vile vitafunio vidogo vya Kichina, wenye kelele za harusi, umejaa wazee na magazeti yao. Bakuli na vijiti huletwa mezani pamoja na birika, na kazi ya kwanza ni kuvisuuza kwa chai ya moto na kuimwaga kwenye beseni. Birika likiisha, unafunua kifuniko na kukiacha upande, mhudumu akipita anaongeza maji. Ukimiminiwa chai na mwenzako, unagonga meza kwa vidole viwili. Hadithi yake ni kwamba mfalme Qianlong alikuwa akisafiri kwa kujificha, akawamiminia chai watumishi wake. Wangepiga magoti, siri ingefichuka, kwa hiyo vidole vikapiga magoti kwa niaba yao.

Mwislamu mwenzangu, hapo usijipe matumaini. Nguruwe yumo karibu kila mahali, mpaka kwenye vitumbua vya kamba vinavyoonekana havina hatia, maana wapishi wengi huchanganya kamba na mafuta ya nguruwe. Dada mwongozaji alikuwa ameniuliza mapema ninakula nini, akanieleza sahani moja baada ya nyingine bila kunificha. Nikanywa chai ya pu'er, nikamenya machungwa, nikatazama. Kaka wa Mwanza alipelekewa miguu ya kuku. Hukaangwa kwanza, ikalowekwa mpaka ngozi inavimba, kisha ikapikwa kwa mvuke na maharage meusi yaliyochachushwa. Alianza kwa kuichokonoa kwa kijiti.

“Dada, mbona unaniangalia tu?”

“Wewe kula, kaka. Zamu yangu inakuja.”

Alimaliza sahani, akaagiza nyingine, na mifupa akaipanga pembeni ya bakuli kwa nidhamu kuliko wazee wa meza ya jirani.

Jumba la ukoo wa Chen lipo kituo cha metro chenye jina hilohilo. Watu wa ukoo huo kutoka wilaya mbalimbali za jimbo la Guangdong walichanga fedha wakajenga mahali ambapo vijana wao wangefikia wanapokuja mjini kufanya mitihani ya kuingia serikalini. Ujenzi ulikamilika 1894. Mwaka 1905 mitihani yenyewe ikafutwa. Kibiashara, walishusha kontena msimu ukiwa umeisha. Lakini paa walilotuachia! Juu ya migongo ya paa kuna mji mzima wa udongo uliochomwa kwenye tanuri za Shiwan, kule Foshan: majenerali, waigizaji, wanawake kwenye vibaraza, popo, samaki, vyote vimepakwa rangi inayong'aa. Nilisimama mpaka shingo ikauma. Ndani sasa ni makumbusho ya sanaa za mikono, na pembe za ndovu zilizochongwa nilizipita haraka, sikupenda kukadiria zilitoka wapi.

Shamian ni kisiwa kidogo chenye miti mikubwa na majengo ya Waingereza na Wafaransa, waliojitwalia mahali hapo baada ya vita vya kasumba. Maharusi huja kupiga picha. Ni pazuri, lakini kilichonivutia zaidi ni aliyotusimulia dada tukiwa tumeketi kivulini. Kuanzia 1757 hadi 1842, Guangzhou ndiyo ilikuwa bandari pekee ya China ambako wafanyabiashara wa Magharibi waliruhusiwa kuja kununua. Walifungiwa kwenye kipande cha ufuko nje ya kuta za mji, wakaruhusiwa kukaa msimu wa biashara tu, na chai na hariri walilazimika kuvinunua kupitia matajiri waliopewa kibali na serikali. Wanawake wao hawakuruhusiwa kabisa, walibaki Macau wakisubiri. Nikawakumbuka akina mama wa Kongo na Tanzania ninaopishana nao Xiaobei, mtoto mgongoni na kikokotoo mkononi, wanavyowabana wenye viwanda mpaka senti ya mwisho.

Halafu tukaingia Yide Lu, na hapo ndipo ningekaa siku nzima.

Ni mtaa wa jumla, kwa hiyo miguu yangu iliujua kabla ya macho: mikokoteni, maboksi, vijana wanaokata utepe wa gundi kwa meno. Ila bidhaa ni vitu vikavu vya baharini. Harufu inakupokea kona mbili kabla. Kamba wa kila saizi kwenye magunia, chaza, pweza waliokaushwa wakawa bapa, mapezi ya papa nyuma ya vioo. Kwenye chombo kimoja kulikuwa na majongoo bahari, meusi, makavu, magumu kuliko jiwe la kusugulia miguu. Pwani yetu yanavuliwa na kukaushwa, na sijawahi kuingia nyumba yanakopikwa. Hapa yamepangwa kwa daraja, kila daraja na bei yake, na juu kabisa yamefungwa kwenye maboksi mekundu ya zawadi.

Nikageuka kumwonyesha kaka, sikumwona. Alikuwa duka la tatu mbele, ameinama.

“Dada, njoo uone. Mabondo haya.”

“Acha masihara.”

“Nimekulia mwaloni mimi. Hili ni bondo la sangara.”

Yalikuwa yamening'inizwa na mengine yamelazwa kwenye trei, mapana kama viganja viwili, rangi ya asali. Minofu ya sangara wa Ziwa Victoria tunaijua, inakwenda Ulaya. Bondo lake, kile kifuko cha hewa kinachomwezesha kuelea, linakuja huku. Mama mwenye duka alipoona tunalishika kwa uzoefu, akatoa tochi ndogo, akaiwasha nyuma ya bondo moja ili tuone ndani: likiwa halina doa la damu, bei inapanda. Dada mwongozaji akatafsiri. Supu yake huchemshwa taratibu mpaka inakuwa nzito, na wanawake hupewa baada ya kujifungua ili wapate nguvu, wengine huinywa kwa ajili ya ngozi. Dume ni nene na haliyeyuki kwenye sufuria, ndiyo maana ni ghali kuliko jike.

Kaka akauliza bei ya kilo. Mama akaandika kwenye kikokotoo, akakigeuza. Kaka akatoa simu, akabadilisha yuan kuwa shilingi, akarudia hesabu kwa kutoamini, kisha akauliza kwa Kiswahili, kwa sauti iliyowafanya Wamalaysia wageuke: “Yaani katikati hapa pesa yote hii anakula nani?” Mama mwenye duka alimwomba dada amtafsirie, na alipotafsiriwa alicheka sana, akatupa mkono, asiseme kitu. Mabondo yale hayakuandikwa Mwanza wala Kisumu wala Entebbe. Kibao kilisema Afrika tu.

Nyuma ya mtaa huohuo kuna kanisa kuu la Moyo Mtakatifu, la mawe matupu, lililojengwa kuanzia 1863 hadi 1888. Kaka, ambaye ni Mkatoliki, aliingia kuwasha mshumaa, sijui alimwombea nani kati ya wavuvi na madalali. Sisi tulisubiri nje.

Alasiri ikanikuta mtaa wa Guangta, na bahati ilikuwa yangu. Wengi wetu tunaujua msikiti wa Xianxian, kwa sababu uko karibu na Xiaobei na Ijumaa nje yake huchomwa nyama ya kondoo. Huu wa Huaisheng ni mkongwe zaidi. Mnara wake wenye urefu wa mita 36 ni wa mviringo, mweupe, mwororo, bila lile paa la ngazi-ngazi la Kichina. Zamani mto ulipita karibu kuliko sasa, na usiku taa ya mnara iliongoza majahazi. Mlinzi alimzuia dada mwongozaji, maana wageni wasio Waislamu mara nyingi hawaruhusiwi. Mimi niliposalimu akanionyesha njia ya upande wa wanawake. Kwa hiyo mwongozaji alibaki barabarani na mgeni akaingia.

Ndani kuna ua, miti, na ukumbi wa kuswalia wenye paa la vigae la Kichina na maandishi ya Kiarabu chini yake. Mapokeo ya hapa yanasema msikiti ulijengwa na Saad bin Abi Waqqas, sahaba wa Mtume. Kaburi linalotajwa kuwa lake lipo kule Xianxian, ingawa wanahistoria wa Kiislamu wanamzika Madina. Lisilo na ubishi ni kwamba enzi za nasaba ya Tang mtaa huu ulikuwa makazi ya wafanyabiashara wa Kiarabu na Kiajemi, na kwamba jengo lilijengwa upya mwaka 1350 baada ya kuungua. Ibn Battuta, msafiri wa Morocco, yuleyule aliyefika Kilwa mwaka 1331, anausimulia mji huu kwa jina la Sin Kalan, na soko lake la vyombo vya kauri, na mtaa wa Waislamu wenye msikiti na kadhi. Wapo wanaotilia shaka kama alifika mwenyewe. Mitungi, angalau, ilifika kwetu: ya Guangdong imechimbuliwa Manda, kule Lamu, na Unguja Ukuu, miaka mia kadhaa kabla ya safari zake. Niliswali pembeni ya bibi mmoja wa Kihui, Waislamu wa Kichina, aliyenisogezea mswala wake, tukaagana kwa salamu, lugha nyingine hatukuwa nayo.

Zamu yangu ya kula ilifika jirani tu, duka dogo lenye kibao cha kijani cha halali. Tambi zinaitwa za Lanzhou, ila wenye maduka haya wengi ni Waislamu wa Qinghai. Kijana alikuwa mlangoni na donge la unga. Alilivuta mpaka mikono ikanyooka, akalikunja, akalivuta tena, kila mkunjo nyuzi zinakuwa mara mbili, na mikunjo minane inakupa nyuzi 256. Akazibamiza mezani, zikaruka hadi kwenye maji yanayochemka mita moja nyuma yake bila yeye kutazama. Mchuzi wa mifupa ya ng'ombe, vipande vya figili, giligilani, na kijiko cha mafuta ya pilipili. Nilikula bila kuongea. Kaka akasema afadhali ile miguu, nikamwambia hajui kula.

Dada alitupitisha kwanza kwenye chai ya mitishamba inayomiminwa kutoka kwenye mitungi ya shaba. Wenyeji hunywa kupunguza joto la mwili. Ni mwarobaini kabisa, na Wamalaysia walituachia vikombe vyao vikiwa vimejaa.

Dawa yake ilikuwa Wenming Lu, mtaa wa vitamu. Maziwa ya nyati yenye tangawizi, asili yake Shawan, kusini kidogo ya mji. Mama wa duka alikamua tangawizi kongwe iliyokunwa, maji yake kidogo tu chini ya bakuli. Akachukua maziwa yenye sukari, moto lakini hayachemki, akayamimina kwa mkupuo mmoja kutoka juu. “Msiguse,” dada akasema. Baada ya dakika chache akaweka kijiko cha kauri juu ya maziwa, na hakikuzama. Hamna yai, hamna unga, tangawizi yenyewe ndiyo inayogandisha. Yalikuwa laini, ya moto, na yakifika kooni yanawasha.

Kaka akataka kujua kama maziwa ya ng'ombe yanafaa. Yanafaa, mama akajibu kupitia kwa dada, mradi yawe mazito, yasiongezwe maji. Na moto? Nyuzijoto kama 70. Yakichemka yanaua nguvu ya tangawizi, yakipoa hayashiki. Kaka akaandika yote kwenye daftari la vipuri, chini ya orodha ya klachi na minyororo, akaagiza bakuli la pili ili ahakikishe. Hapo ndipo simu yangu ikaita. Kiwanda kilikuwa kimemaliza magauni, na walitaka kujua maboksi yapelekwe ghala lipi.