Tambi za Idi

Juzi tulikuwa tunaandika vitu vya kununua kwa ajili ya sikukuu, binti yangu akaweka kalamu chini akaniuliza: "Mama, kwa nini sisi Idi jioni tunakula tambi za pilipili?" Kwa wenzake wote tambi ni za sukari, nazi na iliki, na huliwa asubuhi watu wakitoka kuswali. Nilimpa jibu fupi kwa sababu maziwa yalikuwa yanataka kufurika jikoni. Jibu refu naliandika hapa, atakuja kulisoma mwenyewe.

Ni habari ya Chanthaburi, mji wa biashara ya mawe huko Thailand, mwaka 2008, mimi na baba mdogo na zile rubi, vito vyekundu, za Winza.

Mwaka ule kila mwenye koleo alikuwa anaelekea Winza, huko Mpwapwa, na wanunuzi wa Kithailandi wakiwafuata na tochi zao. Baba mdogo alikuwa dalali wa mawe tangu enzi za machimbo ya vito ya Tunduru, miaka ya tisini, na alikuwa amechoka kuuza jiwe kijijini halafu kuja kusikia limepata bei ya maana kwa wenzetu. Marekani nayo ilikuwa imetoka kupiga marufuku rubi za Burma. Akaona sasa za Afrika zitatafutwa kwa udi na uvumba. Tukapanda ndege, yeye na mawe yake na karatasi zake za serikali, mimi na daftari na Kiingereza changu cha sekondari.

Hesabu yake ilikuwa sahihi. Dunia ndiyo iliyogeuka tukiwa huko. Septemba ile benki kubwa ilianguka Marekani, na kufumba na kufumbua wanunuzi wakawa wagumu. Pale Chanthaburi soko la mawe ni Ijumaa hadi Jumapili: wanunuzi wanakodi meza, wewe muuzaji unapita meza hadi meza na bahasha zako. Mtu anamulika jiwe, analigeuza, anaandika bei kwenye kikokotoo, anakisukuma mbele yako. Unasoma, unatikisa kichwa, unahamia meza ya pili. Siku nyingine zote unakaa chumbani ukingoja Ijumaa.

Na Ramadhani ikatukuta hukohuko.

Thailand ina Waislamu wengi, hasa kusini, na Bangkok chakula halali unakipata. Lakini mtaa tuliopanga sisi, kando ya mto, upande wa pili wa kanisa kubwa la Wakatoliki, karibu kila karai lilikuwa limepitiwa na nyama ya nguruwe au mafuta yake. Baba mdogo hana mzaha katika jambo hilo. Tukafuturu ndizi, mkate, mayai ya kuchemsha kwenye birika la chumbani, na dagaa tuliobeba kutoka nyumbani. Mimi nilikuwa kijana, tumbo linadai. Jioni ule mtaa ulikuwa unanukia vitunguu saumu na samaki wa kukaanga mpaka nikawa nafunga dirisha.

Mwishoni mwa mwezi zikaanza kutundikwa bendera ndogo za manjano zenye maandishi mekundu, kwenye vibanda, kwenye maduka, hadi kwenye mikokoteni ya chakula. Mama mwenye nyumba akaanza kuvaa nyeupe tupu. Kijana wake, aliyejua Kiingereza kidogo, akanieleza: ni siku tisa za mwezi wa tisa wa kalenda ya Kichina. Wenye asili ya Kichina, na Wathailandi wengine wengi, hawagusi nyama, samaki, mayai wala maziwa. Hata mchuzi wa samaki, ambao ndio chumvi ya nchi ile, unawekwa kando. Hata vitunguu na saumu hawali. Na wanaoshika sana, kama mama yake, hawapikii vyombo vya kawaida. Vya siku hizo vina kabati lake.

Hilo la mwisho nilimrudia mara mbili nihakikishe nimelisikia sawasawa. Kisha nikapanda ngazi mbio kumwambia baba mdogo.

Yeye alinisikiliza, akaniambia, "Mwanangu, tutaona," akarudi kwenye Kurani yake.

Idi ikaingia mwanzoni mwa Oktoba, katikati ya wiki, soko limefungwa. Mwezi tuliupata kwa simu kutoka Kondoa. Tukaoga, tukavaa kanzu na baibui zilizopigwa pasi chini ya godoro, tukaswali wawili chumbani, tukapeana mkono. Halafu hapakuwa na kitu kingine cha kufanya. Kama umewahi kukaa Idi bila hata mtoto mmoja wa jirani kuja kugonga mlango akidai chake, basi unajua.

Alasiri mama mwenye nyumba akapanda mwenyewe. Alitukuta tumekaa na nguo zetu nzuri. Akatutazama, akatazama maganda ya ndizi, akanishika mkono bila kuniuliza, akanishusha jikoni.

Jikoni kwake kulikuwa wazi nyuma, kunatazama mto. Akafungua lile kabati akatoa karai. Aligonga ubavu wake kwa kucha, akaonyesha bendera ya manjano iliyochomekwa mlangoni, akatikisa kidole: hapana, hapana, halijaguswa na kitu. Mafuta yalikuwa ya soya, chupa mpya, akaifungua mbele yangu. Baba mdogo alikuwa ameteremka akasimama kizingitini. Akalitazama karai kwa muda. Kisha akavuta kiti akakaa.

Tambi zilikuwa zimelowekwa kwenye maji baridi tangu mchana. Ni za mchele, bapa, upana wa utepe mwembamba, na Thailand nzima zinajulikana kwa jina la mji ule ule, sen chan, kwa sababu zinavumilia moto bila kupondeka. Wenyeji wa Chanthaburi huzikaanga na kaa wa baharini. Siku hizo kaa aliachwa akapumzika. Akainua utambi mmoja akauzungusha kidoleni kunionyesha: ujikunje, lakini uwe bado na ubishi katikati. Hawazichemshi. Mimi nilizoea tambi za kuchemsha mpaka zilainike, na hilo peke yake lilinifanya nisogee karibu.

Kisha ukwaju. Niliujua kwa harufu kabla sijauona, na koo likanibana. Alikuwa ameukamua kwenye maji ya moto, mzito, rangi ya udongo wa kwetu. Akauweka kwenye sufuria ndogo na sukari ya mnazi na mchuzi wa soya, ukachemka ukashika kijiko. Pilipili kavu alizikaanga bila mafuta mpaka zikawa nyeusi pembeni, akazitwanga kwenye kinu cha jiwe. Akachovya kidole, akanipa kijiko na mimi nionje. Nikakunja uso: chachu. Akaongeza sukari. Nikaonja. Yeye akaonja, akakataa, akaongeza ukwaju. Tukaendelea hivyo, mimi nikivuta kwenye utamu, yeye akivuta kwenye uchachu, hatuna neno hata moja la pamoja, na tulielewana kuliko nilivyoelewana na mtu yeyote tangu nitue nchi ile. Mwisho alinishinda, na alikuwa na haki. Tambi zikiingia zinameza ladha yote. Mchuzi usipozidi kidogo sufuriani, sahani inapooza.

Karai likapata moto mpaka likatoa moshi. Vipande vya tofu, ile ya maharage ya soya, kwanza, mpaka vikawa na gamba la kahawia. Pilipili ikafuata, sote watatu tukapaliwa, baba mdogo akatoka nje akikohoa na kucheka, nami sikuwa nimemsikia akicheka tangu bei zianguke. Tambi zikaingia, mchuzi juu yake, akanipa upawa. Geuza, usikoroge. Inua kutoka chini, achia. Kadiri zilivyokuwa zinanywa ule ukwaju zilibadilika kutoka nyeupe hadi rangi ya chai ya rangi, zikaanza kung'aa. Konzi ya choroko zilizochipua, mizunguko miwili tu, moto ukazimwa. Karanga za kutwanga, kipande cha ndimu. Tangu karai lishike moto mpaka sahani kujaa, hata maji ya chai yasingechemka.

Tukala. Kwanza utamu, halafu ukwaju unakukamata pembeni mwa ulimi, halafu pilipili inakuja nyuma taratibu na haiondoki. Ukosefu wa saumu sikuuhisi kabisa. Baba mdogo alikula sahani mbili, jasho linamtiririka, akasema "Alhamdulillah" kwa sauti ya mtu aliyekaa kwake. Nami nikamgeukia yule mama, nikaweka mkono kifuani, nikaonyesha nguo zangu, nikamwambia, "Idi. Sikukuu." Akaitikia kwa kichwa mara nyingi, anatabasamu, akaniongezea karanga.

Mengine yalikwenda haraka. Ijumaa tuliuza sehemu ya mawe kwa bei iliyorudisha nauli, mengine tukarudi nayo. Siku ya kuondoka baba mdogo alilipa chumba akaongeza hela ya chakula. Mama mwenye nyumba akahesabu, akatoa ya chumba, ile nyingine akairudisha kwenye kiganja chake akamfunga vidole.

Kwenye basi la Bangkok baba mdogo hakulala. Baadaye akaniuliza kwa nini, kwa maoni yangu, yule mama alikataa hela. Nikasema ni ukarimu. Akasema siku zile tisa wanazifunga kwa ajili ya miungu yao. Kama chakula kilikuwa sehemu ya ibada, basi tumekula nini siku ya Idi? Nikamweleza kwamba nilisimama karaini tangu mwanzo, kile chakula kilitoka motoni kikaja sahanini kwetu, hakikupita kwenye ile meza ya machungwa na ubani iliyokuwa sebuleni. Alisema ananiamini. Lakini tangu siku hiyo tambi zangu hali, na mimi sijaacha kuzipika, na tunapendana vilevile.

Mimi kinachonisumbua ni kingine. Nataka kuamini yule mama alijua kwamba ile ilikuwa sikukuu yetu na akatupikia kwa sababu hiyo. Alitukuta tumevaa, nami nilimwambia kwa mikono na kwa mdomo. Lakini wiki ile mji mzima ulikuwa kwenye sikukuu, na yeye mwenyewe alikuwa amevaa nyeupe. Huenda alidhani nampongeza kwa yake.