Mzee mwenye kiti kichwani

Mkanda wangu wa filamu umerudi kutoka kusafishwa leo, na mikono bado inanitetemeka.

Wiki 3 nimesimama kwenye kona moja ya barabara na kamera ya milimita 16 isiyotumia betri. Unaijaza ufunguo kama saa ya zamani, inakwenda karibu nusu dakika, inanyamaza. Futi 100 za mkanda, kwa picha 24 kila sekunde, ni kama dakika 2 na sekunde 45 tu. Basi unajifunza kungoja. Mimi niliyezoea kurekodi kila kitu kwa simu, kuna siku nilirudi nyumbani sijapiga hata picha moja.

Asubuhi nilipiga wapita njia. Usiku nikarudisha mkanda nyuma, nikapiga magari juu ya picha zilezile, bila kujua kitakachotoka. Na tazama: mzee anavuka barabara, kiti cha mbao kichwani, na taa za magari zinapita ndani ya kifua chake moja baada ya nyingine. Hageuki. Nimeitazama mara 9.

Mwaka 1929 Dziga Vertov, mtengenezaji filamu wa Kisovieti, alitoa filamu nzima ya maisha ya mjini, haina waigizaji wala maandishi ya kueleza. Mpaka leo watu wananiuliza, "Hadithi iko wapi?" Hadithi yenyewe ni yule mzee!

Jumamosi usiku naionyesha kwenye ukuta wa kona ileile. Natamani sana apite tena.