Mdondo Haumo Kwenye Faharasa

"Dada, hiki kitabu hakina mdondo."

Mvulana wa kidato cha pili alikuwa amesimama mbele ya meza yangu, kidole kimebaki kwenye herufi M ya faharasa ya kitabu cha ufugaji. Kuku 11 wa mama yake walikuwa wamekufa ndani ya wiki moja, na mama amemwambia, wewe si unashinda maktaba, katafute huko. Nikakipokea kitabu. Sura nzima ya mdondo ilikuwamo, ila ilikaa kwenye herufi N, kwa jina la "Newcastle", mji wa Uingereza ambako ugonjwa huo ulichunguzwa miaka ya 1920.

Nilimwonyesha, akasoma, akanakili, akaenda. Mimi nikabaki na lile swali lake siku nzima. Nilisomea ukutubi Bagamoyo, najua kupanga rafu kwa mfumo wa namba wa Dewey hata nikiamshwa usiku: ufugaji wa kuku ni 636.5, lugha ya Kiswahili ni 496.392. Lakini mtoto aliyekuwa na shida ya kweli alipita mbele ya jibu lake akadhani halipo, kwa sababu alilijua kwa jina la nyumbani na kitabu kimeandikwa kwa jina la ugenini.

Wakati huo programu yetu ya vijana ya Jumamosi ilikuwa na miezi minne na ilikuwa inakufa. Mimi ndiye niliyeianzisha, katika maktaba hii ya umma ya mji wetu wa pwani ya Tanzania, na niliianzisha vibaya: niliifanya tuisheni. Nilitafuta mwalimu wa kujitolea wa hesabu, nikatoa ubao stoo, nikachapisha mitihani ya miaka iliyopita. Siku ya kwanza walikuja 43. Mwezi wa tatu walikuwa 9. Tuisheni ziko kila mtaa, na mwenye kuzitaka anajua pa kwenda. Wanaokuja kwetu wanatafuta kiti na taa, kwa sababu nyumbani watu saba wanalala vyumba viwili na redio haizimwi. Wanaingia na madaftari yao, wanakariri hadi tunafunga, wanatoka. Jumamosi moja ya Oktoba, mitihani ya Novemba imekaribia na ukumbi umejaa, nilihesabu waliogusa rafu. Walikuwa wanne.

Basi nikaufuta ule utaratibu. Nikawaambia waliobaki: wiki ijayo kila mtu aje na swali moja kutoka nyumbani, kwa Kiswahili, ambalo mtu mzima wa kwenu anataka kweli kulijua. Swali la mwalimu silipokei.

Yalikuja maswali ambayo sikuyategemea. Kwa nini ukuta wetu unatoa chumvi. Bibi anauliza presha ni ugonjwa wa damu au wa moyo. Kwa nini mbaazi zimetoa maua zisizae. Kila swali tulilifanyia kazi kwa namna ileile: kwanza tunaandika maneno yake mazito, tunayabahatisha kwa Kiingereza, tunayahakiki kwenye kamusi ya TUKI, ndipo tunakwenda kwenye faharasa, kisha ukurasani. Jibu linaandikwa upya kwa Kiswahili na kurudishwa nyumbani kwa aliyeuliza. Jumamosi inayofuata mtoto anatueleza yule mtu alisemaje. Hapo ndipo palipokuwa na utamu wote, maana wakubwa hawakubali tu. Wanabisha, wanauliza zaidi, na mtoto anarudi rafuni bila kusukumwa.

Yule wa kuku alirudi na habari kwamba mama yake alitaka dawa, naye akamweleza kuwa kuku akishaugua mdondo hana dawa, anayechanjwa ni mzima: tone moja jichoni, na kurudia kila baada ya miezi mitatu. Kichupa kimoja kinatosha kuku wengi kuliko wa nyumba moja, kwa hiyo mama na majirani wawili wakachangiana.

Swali lililotubadilisha sote lilikuwa la msichana mmoja, binti wa mvuvi. Baba yake alitaka kujua kwa nini bamvua, yale maji ya bahari yanayojaa na kupwa sana, huja mara mbili kwa mwezi. Tulikaa na kitabu cha jiografia kwa saa nzima. Aliyaona maneno "spring tide", ndiyo bamvua kwa Kiingereza, akageuza ukurasa, kwa sababu shuleni amefundishwa "spring" ni majira ya Ulaya baada ya baridi, na sisi hatuna majira hayo. Nilimwomba aangalie mchoro bila kusoma maandishi. Jua, mwezi na dunia zimepangwa mstari mmoja. Akautazama, akasema polepole, "Mwezi mwandamo. Na mwezi mpevu." Kisha akaugeukia mchoro wa pili, mwezi umekaa pembeni, akasema, "Haya ni maji mafu," yaani yasiyojaa wala kupwa sana. Hakuwa amefundishwa na mtu. Alikuwa ameyajua tangu utotoni, akisukuma dau na kungoja samaki, ila hakuna aliyewahi kumwambia kwamba hiyo ni jiografia na kwamba mtihani unamuuliza jambo analolijua.

Wiki mbili baadaye baba yake alikuja. Alivua kandambili mlangoni, akasimama hapo, akidhani binti ameharibu kitu. Nikamwamkia, "Shikamoo mzee," nikamkaribisha kiti. Alikuwa hajawahi kuingia maktaba. Alitaka aone ule mchoro kwa macho yake. Aliukubali, kisha akatusahihisha: kitabu kinatoa sababu, lakini hakisemi kwamba kilele cha bamvua hakingojei siku yenyewe ya mwandamo, huchelewa siku moja au mbili. Tulipotafuta zaidi tukakuta yuko sahihi. Binti yake aliandika hilo kwa kalamu nyekundu.

Tulipata matatizo. Watoto kumi wakijadiliana mbaazi hawawezi kunong'ona, na wasomaji wazima walilalamika kwa haki. Tukahamia barazani. Vitabu vyetu vingi ni vya msaada na vingine ni vya zamani. Ramani moja bado ilikuwa na Zaire, jina lililoachwa mwaka 1997. Niliiacha rafuni makusudi, nikaitumia kuwafundisha kufungua kwanza ukurasa wa nyuma ya jalada na kusoma mwaka wa kuchapishwa kabla ya kuamini lolote. Kitabu cha tiba tulikiondoa.

Nimeulizwa mara nyingi kwa nini nisiwaache watafute kwenye simu. Wengi hawana, na simu ya baba bando lake limeisha. Lakini hata wangekuwa nazo, nataka kwanza wazoee kuuliza nani kaandika hiki, lini, na kwa ajili ya nani. Simu wataikuta huko mbele.

Sasa juu ya meza yangu kuna daftari kubwa la mistari, upande wa kushoto neno la nyumbani, upande wa kulia neno la kitabuni, na namba ya rafu. Mdondo, bamvua, maji mafu, presha. Maneno yamejaza kurasa 31 na yameandikwa kwa miandiko mingi. Sikuyaandika mimi, na mkutubi mwenzangu ameanza kulitumia daftari hata kwa wasomaji wazima. Wanaohudhuria programu ni 27, hawapungui, na sijachapisha mtihani tena.

Kuna ukurasa mmoja wa daftari ambao upande wake wa kulia haujajaa. Ni wa majina ya pepo. Kusi na kaskazi tumeyapata, lakini matlai na umande vitabu vyetu havina, na watoto wamekataa kuweka neno la kubahatisha. Jumamosi ijayo maktaba itafunguliwa na mwenzangu. Sisi tunakwenda diko, pale wavuvi wanaposhukia, alfajiri, na daftari, kuwauliza wazee.