Nikimfuata John Small, kutoka Petersfield hadi London

Treni ya kutoka kituo cha Waterloo, London, hufika Petersfield baada ya muda wa saa moja hivi. Nilishuka hapo kwa nia moja tu, kuuona mji alioishi na kuzikwa John Small, fundi viatu aliyekuja kuwa mmoja wa wapigaji hodari wa kriketi wa karne ya 18. Alizaliwa mwaka 1737 katika kijiji jirani cha Empshott. Baadaye aliacha viatu, akawa mtengenezaji wa magongo na mipira ya kriketi, na kibao cha nyumbani kwake kiliitangaza kazi hiyo na kumkaribisha mtu yeyote wa Uingereza aje wapambane uwanjani. Amelazwa katika makaburi ya kanisa la Mtakatifu Petro, karibu kabisa na uwanja wa soko. Alifariki Desemba 31, 1826, akikaribia miaka 90.

Kutoka hapo nilipanda teksi hadi Broadhalfpenny Down, uwanja wa kale wa klabu ya kriketi ya Hambledon, ulioko juu vilimani ambako upepo hauna kizuizi. Mkabala na nyumba ya vinywaji ya Bat and Ball umesimama mnara wa jiwe wa mwaka 1908. Ni hapa ambapo Julai 1775 Small aliipatia timu ya Hampshire mikimbio 136, yaani pointi 136, dhidi ya Surrey, mara ya kwanza inayojulikana kwa mpigaji mmoja kufikisha mia katika mechi kubwa. Hata hivyo, kinachonivutia zaidi ni ufundi wake. Hapo awali mpira uliviringishwa chini na gongo lilipinda nchani. Warushaji walipoanza kuudundisha, gongo hilo halikufaa tena, na Small, aliyeyachonga magongo kwa mikono yake mwenyewe, akawa miongoni mwa wa kwanza kuilinda wiketi, vile vijiti vilivyosimamishwa nyuma ya mpigaji ambavyo mrushaji hulenga kuviangusha, kwa gongo lililonyooka, likishikwa wima.

Niliporudi London nilikwenda Artillery Ground, uwanja ambao sasa umezingirwa na majengo ya ofisi, nikautazama kutoka nje kwa kuwa ni mali ya kikosi cha jeshi. Humo, Mei 1775, wachezaji watano wa Hambledon walipambana na watano wa Kent. Small aliingia wa mwisho, ikihitajika mikimbio 14, na mara tatu mpira wa Lumpy Stevens, mrushaji wa upande wa Kent, ulimpita ukapenya katikati ya vijiti viwili vya wiketi pasipo kuiangusha. Hambledon ilishinda, lakini ilionekana wazi kwamba mrushaji ameonewa, na kwa sababu hiyo wiketi ikaongezewa kijiti cha tatu.